Loya anayejua mteja wake ana makosa: Brougham, Hoffman, na yale maneno ya barazani

Hapa Mombasa kesi kubwa yoyote ikitajwa, iwe ya unga (dawa za kulevya), iwe ya mtoto aliyedhulumiwa, iwe ya shamba la watu kule Likoni ama Kisauni, kuna swali halikosi kibarazani hata kahawa haijapoa: huyu loya analala vipi usiku? Ati anajua kabisa mtu wake amefanya na bado anasimama mbele ya jaji na suti yake anasema mteja wangu hana hatia. Na upande wa pili pia haukosi, mara nyingi ni mtu ambaye nduguye alishawahi kushikwa, yeye atakwambia wewe ngoja siku utupwe nyuma ya gari la polisi ndo utajua loya ni nani.

Mabishano haya ni ya zamani kuliko Kenya yenyewe, na waliobishana ni watu wazito. Nnavyoona mimi kila upande una ukweli wake lakini wanaongea kuhusu kazi mbili tofauti bila kujua. Loya anayemtetea mtu dhidi ya serikali ana kinga fulani ya kimaadili, na kinga hiyo ilipatikana kwa jasho. Shida ni kwamba maloya wamebeba kinga hiyo hiyo wakaingia nayo ofisini, kwenye mambo ya ploti na madeni na mikataba, mahali hakuna jaji wala polisi wala kitanzi, na huko haiwatoshi. Ndo hoja yangu, sasa tuipime.

Kwanza turudi nyuma kidogo. Athens ya kale hakukuwa na wakili vile tunavyomjua, kila mtu alijisemea mwenyewe, ila ukiwa na pesa ulikuwa unaweza kununua hotuba kutoka kwa waandishi kama Lysias ukaikariri. Plato alikasirishwa sana na ufundi huu wa kuongea, kwake ilikuwa ni kufundisha watu kushinda bila kujua haki ni nini, na pengine uchungu wenyewe ulikuwa wa Sokrati, mwalimu wake, ambaye mwaka 399 K.K. alikataa kupamba maneno mbele ya mahakama na akahukumiwa kifo. Roma nao walijaribu dawa nyingine. Mwaka 204 K.K. walipitisha sheria ya kukataza wakili kulipwa kwa kutetea, ikawa kama mtu asaidie kwa heshima tu, lakini wapi, mpaka mfalme Claudius akaja kusema haya basi, mwisho sesterce 10,000. Kumbe hata malalamiko ya "loya anakula pesa" si ya jana.

Cicero, wakili mkubwa wa Roma, ndiye aliyesema wazi kile maloya wengi wanakiamini mpaka leo. Mwaka 44 K.K. alimwandikia mwanawe kwamba kumshtaki mtu asiye na kosa kwa jambo la kufa ni dhambi kabisa, lakini kumtetea mwenye kosa mara moja moja haina ubaya mradi asiwe mtu muovu kupindukia, manake kazi ya jaji ni kufuata ukweli na wakili anaweza kusimamia kile kinachofanana na ukweli hata kama sicho hasa. Na huyu huyu Cicero ndiye aliyejisifu kwamba katika kesi ya Cluentius aliwamwagia majaji giza. Kwa hivyo tusimfanye walii.

Upande wetu huku pwani watu wengi kabla hawajamsikia Cicero walishasikia aya ya 105 ya Suratun Nisaa, pale Mtume (SAW) anaambiwa asiwe mtetezi wa wahaini. Wafasiri wanaieleza kwa kisa cha mtu wa Madina aliyeiba deraya kisha lawama ikaangushiwa Myahudi, na jamaa za mwizi wakaja kundi zima kumtetea mtu wao, wanaongea vizuri, wanaapa, na wahyi ukashuka kumsafisha yule Myahudi. Aya ya 109 inawageukia watetezi wenyewe: haya, nyinyi mmewatetea hapa duniani, siku ya Kiyama nani atawatetea kwa Mwenyezi Mungu? Hiyo aya imewanyima usingizi maloya wengi Waislamu wa mji huu na ni haki yao kukosa usingizi.

Lakini mtu asikimbilie kusema dini imekataza uwakili. Wakala katika kesi upo kwenye fiqhi, na imepokewa kwamba Sayyidna Ali hakupenda kusimama mwenyewe kwenye mivutano ya kesi akawa anamweka nduguye Aqil. Halafu kuna ile hadithi iliyo kwa Bukhari na Muslim, kwamba Mtume alisema yeye ni binadamu, watu wanamletea kesi na huenda mmoja ana ulimi kumshinda mwenzake, naye atahukumu kwa anachosikia, basi aliyepewa haki ya nduguye asiichukue manake amekatiwa kipande cha moto. Angalia mzigo umewekwa wapi. Hadithi inamwekea mzigo mwenye kesi, aya inamwekea mzigo mtetezi anayejua. Mtetezi asiyejua hajatajwa, na hapo ndo mlango ulipo.

Ule mlango Samuel Johnson, mwandishi wa Kiingereza, aliupita mzima mzima. Rafiki yake Boswell, aliyekuwa wakili, alimuuliza vipi kutetea kesi unayojua ni mbaya, Johnson akamjibu hujui kama ni mbaya mpaka jaji aamue. Jibu tamu, na kwa kesi nyingi ni kweli, manake loya anasikia upande mmoja tu na watu huwa wanadanganya hata maloya wao. Lakini halimsaidii yule anayejua. Kuna anayejua. Mteja amekaa mbele yake amemwambia nimefanya.

Sasa 1820. Mfalme George wa 4 wa Uingereza alitaka kumuacha mkewe, Caroline, akapeleka mswada bungeni wa kumvua umalkia kwa madai ya uzinzi. Wakili wa Caroline alikuwa Henry Brougham, na Brougham alikuwa na karata mkononi: mfalme mwenyewe mwaka 1785 alimuoa kwa siri Maria Fitzherbert, mwanamke Mkatoliki, na kwa sheria ya urithi ya Uingereza ya wakati huo mtu aliyeoa Mkatoliki alikuwa anapoteza taji. Ndipo Brougham akasimama mbele ya malodi akasema kwamba wakili akiwa kazini anamjua mtu mmoja tu duniani na mtu huyo ni mteja wake, na kumuokoa mteja kwa njia zote, hata kwa hasara ya wengine, hata akiitumbukiza nchi yake kwenye vurugu, ndio wajibu wake wa kwanza na wa pekee. Mswada ulikufa.

Haya maneno yamekuwa kama kiapo cha pili cha maloya. Na mimi nayapenda, nisiwe mnafiki, ila watu wanasahau mambo mawili. Moja, aliyekuwa anatishwa pale ni mfalme, mtu mwenye dola nzima nyuma yake, hakuwa jirani wala mpangaji. La pili ndo kubwa: Brougham mwenyewe akiwa mzee, mwaka 1859, alieleza kwa barua kwamba yale hayakuwa maoni aliyoyapima, yalikuwa kitisho, alikuwa anamtumia mfalme salamu kwamba ukiendelea nitafungua mdomo. Yaani sentensi iliyolea karne mbili za maadili ya uwakili mwenyewe anasema ilikuwa ni kumtisha mtu! Hiyo haiifanyi iwe uongo, lakini mtu akiisoma kama aya anikumbushe nicheke.

Miaka ishirini baadaye mambo yakawa machungu. Mei 1840 Lord William Russell alikutwa kitandani kwake London amechinjwa, akashtakiwa mtumishi wake Mswisi, Courvoisier. Wakili alikuwa Charles Phillips. Katikati ya kesi ushahidi mpya umeingia, Courvoisier akamuita Phillips akamwambia ni mimi niliyeua, lakini sikubali kosa, endelea kunitetea. Phillips akataka kujitoa, wakamshauri asifanye hivo, akaenda kumuuliza Baron Parke, jaji aliyekuwa amekaa pale pamoja na mwenzake, akaambiwa endelea na utumie hoja zote halali zinazotoka kwenye ushahidi. Akaendelea. Courvoisier akanyongwa Julai, na habari ilipotoka kwamba wakili alikuwa anajua, magazeti yalimshukia Phillips kama mwewe, wakamtuhumu kwamba aliwatupia shaka wajakazi wasio na hatia. Miaka tisa baadaye bado alikuwa anajitetea.

Kabla ya kumlaumu Phillips ujue kitu kimoja: mpaka 1836, yaani miaka minne tu kabla, mtu aliyeshtakiwa kwa kosa zito Uingereza hakuruhusiwa wakili wake aongee na baraza la wazee wa mahakama kwa niaba yake. Mtu ananyongwa na loya wake amefungwa mdomo. Kwa hivyo Phillips alikuwa anatumia haki ambayo ilikuwa bado mbichi na hakuna aliyejua mipaka yake. Mimi nafikiri kusema "ushahidi wa serikali hautoshi" alikuwa sawa kabisa hata baada ya kukiri. Kuelekeza kidole kwa mjakazi, kama kweli alifanya, hapo alishatoka nje ya mstari. Kuilazimisha serikali ithibitishe ni kitu kimoja, kumtengenezea maskini mwingine kitanzi ni kingine.

Bentham, yule mwanafalsafa wa manufaa, hangekubaliana hata na hiyo nusu. Kwake siri baina ya wakili na mteja ilikuwa ni kumkinga mkosaji tu, manake asiye na kosa ana nini cha kuogopa loya wake akihojiwa? Hii ndo hoja ya barazani ikiwa imevaa koti la Kiingereza. Na ingekuwa sahihi kama mahakama zote zingekuwa za malaika.

Nenda Kapenguria. Oktoba 20, 1952 serikali ya kikoloni inatangaza hali ya hatari, inamkamata Kenyatta na wenzake, inapeleka kesi mahali pa mbali kabisa, hakuna hoteli hakuna simu ya maana. D.N. Pritt anatoka Uingereza kuwatetea, pamoja naye kina A.R. Kapila, Fitz de Souza, Dudley Thompson kutoka Jamaica, H.O. Davies kutoka Nigeria. Jaji alikuwa Ransley Thacker, na wanahistoria wameandika kwamba alilipwa pauni 20,000 kwa kazi hiyo. Aprili 8, 1953 akawahukumu. Shahidi mkuu, Rawson Macharia, mwaka 1958 akala kiapo kwamba alidanganya kwa ahadi za malipo, na kilichompata ni kufungwa yeye, kwa kosa la kiapo hicho hicho. Pritt naye katikati ya kesi alishtakiwa kwa kudharau mahakama eti kwa kuwa alilalamika jinsi kesi inavyoendeshwa, akashinda. Sasa niambie, mzungu wa kawaida pale Nairobi 1952 alikuwa anamuona Pritt vipi? Alimuona kama wewe unavyomuona loya wa muuza unga. Loya wa mashetani. Ukifuta uwakili wa namna hiyo kwa sababu "kila mtu anajua wana makosa", umewafuta hao.

Na si wakoloni peke yao. Wakili Gibson Kamau Kuria aliwekwa kizuizini 1987 kwa kuwapelekea mahakamani kesi za watu waliozuiliwa bila kushtakiwa. John Khaminwa pia alionja kizuizini. Willie Kimani mwaka 2016 aliuawa pamoja na mteja wake na dereva wa teksi, na waliopatikana na hatia ni maafisa watatu wa polisi na mpasha habari wao. Halafu sisi wa Mombasa tuna yetu: Agosti 2014 serikali iliilipua baharini meli iliyoshikwa na zaidi ya kilo 300 za heroini, rais akiwa anatazama, na huku kesi ya washtakiwa iko mahakamani bado. Watu walipiga makofi. Mimi pia unga nauchukia, umemaliza vijana wa mitaa tunayoijua, lakini kielelezo kikilipuliwa kabla ya hukumu, nani mwingine zaidi ya loya wa utetezi atauliza inakuwaje? Katiba ya 2010 kifungu cha 50 iliandikwa kwa sababu ya kumbukumbu kama hizi, mpaka ikasema kama haki itaumia sana, serikali yenyewe imlipie mshtakiwa wakili.

Kwa hivyo upande huo naufunga: kesi ya jinai, mtu mmoja dhidi ya dola, Brougham ana haki hata kama alikuwa anatisha tu.

Sasa vuka bahari twende Marekani manake huko ndo mambo yalivyoharibika taratibu. David Hoffman wa Baltimore mwaka 1836 alichapisha maazimio hamsini ya wakili, aliyaandika kama mtu anavyoandika nadhiri, nitafanya hivi, sitafanya vile. Moja ni kwamba hatasimama mahakamani kukwepa deni la haki kwa sababu tu muda wa kudai umepita. Mteja akimlazimisha, atamwambia tafuta mwingine. Dhamiri ya wakili iko juu ya tamaa ya mteja. Miaka 18 baadaye, 1854, jaji George Sharswood wa Pennsylvania akaandika kwamba wakili habebi lawama ya kimaadili kwa mteja kuendeleza dai la dhuluma. Ona umbali kati yao.

Baadaye zikaja kanuni: Alabama 1887, chama cha mawakili cha Marekani 1908, wakaziandika upya 1969, tena 1983. Zile za 1908 bado zilimwambia wakili afuate dhamiri yake mwenyewe na si ya mteja. Lakini kila zilipoandikwa upya lugha ya dhamiri ilipungua na lugha ya "utaadhibiwa ukifanya hivi" ikaongezeka, mpaka maadili yakawa ni ile orodha ya mambo yanayokufanya unyang'anywe leseni na basi. Hapa kwetu nako ukiongea maadili ya maloya mtu anaruka moja kwa moja kwenye Sheria ya Mawakili, Sura ya 16, tume ya malalamiko, mahakama ya nidhamu. Vyote vizuri, na yule aliyekalia fidia ya ajali ya mjane miaka na miaka apelekwe huko mbio. Lakini kula pesa ya mteja ni wizi wa kawaida, hakuna mwanafalsafa anayehitajika pale. Swali gumu ni la loya ambaye hajavunja kanuni hata moja na bado umetoka ofisini kwake umedhulumiwa.

Kashfa ya Watergate, iliyomng'oa rais wa Marekani, ndiyo iliyowaamsha. Rais Nixon na watu wake, waliohusika wengi walikuwa mawakili, mpaka John Dean, wakili mwenyewe wa Ikulu, alipoorodhesha majina akaweka alama kwenye mawakili akashangaa ni wengi kiasi gani. Mwaka 1974 vyuo vya sheria vya Marekani vikalazimishwa kufundisha maadili ya kazi. Na wanafalsafa wakaingia uwanjani. Richard Wasserstrom 1975 akasema wakili anaishi kwenye dunia yake ndogo yenye maadili rahisi, mambo ambayo mtu wa kawaida angeona haya kuyafanya yeye anayafanya kwa sababu ni "kazi". Charles Fried 1976 akamjibu kwamba wakili ni kama rafiki, na rafiki anaruhusiwa kukupendelea wewe kuliko dunia nzima. Hoja ya Fried inavutia mpaka ukumbuke rafiki huyu ana risiti. Baadaye David Luban akaja na jibu ninalolikubali zaidi, kwamba utetezi wa kufa na kupona unahalalishwa pale mnyonge anapokabiliana na dola, na ukiutoa hapo ukaupeleka kwa kampuni inayomkandamiza mtu mdogo, sababu zake zote zinadondoka.

Kuna eneo moja hata hoja hii haitoshi, nalo ni siri. Mwaka 1973 jimbo la New York, Robert Garrow aliwaambia mawakili wake, Frank Armani na Francis Belge, mahali zilipo maiti za wasichana wawili zaidi aliowaua. Wakaenda wakaziona kwa macho yao. Baba wa mmoja akaja kuwauliza kama wanajua chochote kuhusu mwanawe, wakanyamaza. Ilipojulikana mji uliwachukia, Belge akashtakiwa kwa sheria ya maziko, kesi ikatupwa. Mimi mzazi akinikalia mbele hivo sijui ningekaza vipi uso, lakini walikuwa sawa kisheria na pengine kimaadili pia, manake wale wasichana walikuwa wameshakufa na mteja alikuwa hai.

Ila Chicago hapana. Alton Logan alifungwa kwa mauaji ya mlinzi kwenye mkahawa wa McDonald's mwaka 1982, na aliyeua alikuwa Andrew Wilson, na mawakili wa Wilson walijua, Wilson aliwaambia mwenyewe. Wakaandika kiapo, wakakifungia kwenye sanduku, wakamuomba Wilson ruhusa ya kukitoa siku atakapokufa. Akafa 2007. Logan akatoka 2008, miaka 26 ndani. Wote walifuata kanuni! Na ndo maana nasema kanuni peke yake haitoshi. Massachusetts leo kanuni inamruhusu wakili kufichua ili kuzuia mtu asiye na kosa asifungwe. Ukisoma kifungu cha 134 cha Sheria ya Ushahidi ya Kenya, ukiacha idhini ya mteja, njia ni mbili tu: mteja akitumia wakili kuendeleza jambo haramu, au wakili akigundua uhalifu ama ulaghai uliofanywa tangu achukue kazi hiyo. Mtu wa pili kuozea jela ya Shimo la Tewa kwa kosa la mteja wako hayumo. Hapo mimi naona sheria yetu ibadilishwe na sioni hoja ya maana ya kupinga, zaidi ya ile ya kwamba wateja wataogopa kusema ukweli, na wateja wa Massachusetts bado wana mawakili.

Turudi ofisini, kwenye ile mitaa ya karibu na Treasury Square iliyojaa vibao vya mawakili. Huko hakuna mtu wa kunyongwa. Kuna muuzaji wa ploti, mnunuzi, broka, na loya anayeandika mkataba. Chukua deni. Mwenye duka amemkopesha mtu bidhaa, kwa huruma akawa hamsumbui, miaka sita ikapita, na Sura ya 22, sheria ya ukomo wa muda wa kudai, inasema deni la mkataba halidaiki tena mahakamani baada ya miaka sita. Mdaiwa anaenda kwa loya, loya anaandika ukurasa mmoja, kesi imekufa. Hakuna kanuni iliyovunjwa. Hoffman angemfukuza huyo mteja, na shekhe wa msikiti wa mtaani angesema deni liko palepale mpaka ulilipe, hata sheria ya Waothmani, Mejelle, ilisema haki haifi kwa kupita muda, ni mahakama tu ndiyo haisikilizi. Mimi niko na Hoffman hapa. Loya anaweza kumwambia mtu, sheria inakuruhusu lakini mimi siiandiki hiyo barua, lipa hata kidogo kidogo.

Vizuri mpaka hapo, lakini ndipo hoja inaponigeukia. Sura hiyo hiyo ya 22 ndiyo inayosema mtu akikalia ardhi miaka 12 waziwazi bila ruhusa na mwenyewe akanyamaza, anaweza kuidai iwe yake. Na pwani hii tunajua historia: sheria ya hatimiliki ya 1908 ilisema aliye na ardhi aje aidai, asiyedai inakuwa ya serikali, na waliojua karatasi wakaandikisha, wengine wakaamka ni maskwota kwenye makaburi ya babu zao. Kwa wengi wao kupita kwa muda ndiyo silaha pekee mahakamani. Sasa Hoffman akija na dhamiri yake kwamba hatatumia muda kumnyima mtu haki yake, atamnyima skwota wa Kilifi wakili. Na mwenye shamba naye si lazima awe dhalimu. Lile shamba la Waitiki Likoni mwenyewe alikuwa na hati, watu wakaingia wakati wa machafuko ya 1997, na lilimalizika kwa serikali kulinunua na kugawa hatimiliki 2016. Nani pale alikuwa mnyonge? Ukiniuliza asubuhi nitakwambia hivi, jioni vingine.

Kwa hivyo dhamiri ya loya isitazame kanuni imeandikwaje, itazame nani anaumizwa na nani mwingine atamsikiliza. Sheria ya muda mkononi mwa mdaiwa mwenye uwezo ni ujanja, mkononi mwa skwota aliyezaliwa hapo ni ulinzi. Najua jibu la mawakili: ukitupa ruhusa ya kuchagua kwa dhamiri, tutakuwa majaji kabla ya jaji, na dhamiri ya loya wa Nyali si ya mtu wa Mishomoroni. Hoja nzito hiyo, siidharau. Lakini wanachagua tayari, kila siku, kwa ada. Asiye na pesa ya kufungua faili hachaguliwi. Wakichagua mara moja moja kwa sababu nyingine dunia haitaanguka.

Mahali hili linapouma sasa hivi ni pesa chafu. Februari 2024 Kenya iliwekwa kwenye orodha ya kijivu ya FATF, shirika la kimataifa linalofuatilia utakatishaji wa pesa, na moja ya mivutano ni kama mawakili waripoti miamala ya kutilia shaka, manake nyumba na ploti za ufuoni zinanunuliwa kupitia akaunti zao. Mawakili wanasema siri ya mteja ni takatifu, wanarudi kwa Brougham mbio. Ufaransa wakili mmoja, Michaud, aliipeleka hoja hiyo mpaka Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu, na Desemba 2012 akashindwa. Mahakama ilisema siri ina uzito mkubwa, lakini jukumu la kuripoti linagusa tu shughuli za miamala, halimgusi wakili anapomtetea mtu kwenye kesi, na tena ripoti inapitia kwanza kwa kiongozi wa chama cha mawakili kabla haijafika serikalini. Mstari wamechora palepale ninapoutaka mimi. Kwetu ningeongeza hilo la pili kwa wino mzito, ripoti ipite LSK, chama cha mawakili wa Kenya, kwanza wachuje, isiende moja kwa moja kwa watu wa serikali, kwa sababu nchi iliyomweka ndani Kamau Kuria haiwezi kupewa faili za maloya mkononi hivi hivi.